Mwaka Tuliomvua Mzimu Shuka

Kwenye hitma ya arobaini ya Kaka Hamidu niliketi na wanawake chumba cha ndani, katika ile nyumba yao ya zamani pale Kaloleni, pazia tu likitutenga na vijana waliokuwa barazani wakisubiri pilau. Nikawasikia wanabishana. Mmoja alisema marehemu alikuwa fundi wa filamu za kutisha ila alijiharibia mwenyewe kwenye sehemu ya tatu. "Ya kwanza mzimu, ya pili mzimu, ya tatu mwanamke anakata majani ya ng'ombe! Halafu inaisha. Chalii wangu, inaisha hivyo hivyo!" Mwenzake akamwambia hajui kutazama filamu, kwamba hiyo ya tatu ndiyo pekee iliyowahi kumtisha, aliitazama kwenye simu mchana kweupe na akashindwa kutoka nje kuanua nguo. Wakaendelea hivyo, mmoja akicheka, mwingine akikasirika, kama watu walivyobishana miaka ile ilipotoka. Hakuna kati yao aliyejua kwamba yule mwanamke wa majani ya ng'ombe alikuwa nyuma ya pazia, mama wa watoto wakubwa sasa, ameshika sahani ya kachumbari, amejikunyata ndani ya kanga. Shemeji yake Hamidu aliniuliza kama nina homa. Nikamwambia ni baridi. Ilikuwa saa saba mchana na jua linawaka.

Mwaka ule nilikuwa na miaka ishirini. Nilikuwa nimepanga chumba Moshono, nashona sare za shule kwa fundi mmoja mjini, na siku nyingine zote nilikuwa mzimu. Hamidu alikuwa mpiga video wa harusi na kipaimara, mtu mpole, mwembamba, anayevaa koti hata wakati wa joto. Katika harusi moja ya mlimani, juu kule kupita Usa River, alisikia watu wakisema kuna mwanamke anayetokea kwenye mibuni, yaani miti ya kahawa, na kutisha watoto wanaotoka shule. Kwa maneno hayo machache akatengeneza *Mzimu wa Mibuni*. Mtindo wake ulikuwa mmoja na watu waliupenda kwa sababu ulikuwa mmoja: vijana watatu wa mjini wanapanda mlimani, mzee anawaonya, wanacheka, mzimu unamchukua wa kwanza, unamchukua wa pili, wa tatu anakimbilia kwa mchungaji, mchungaji anakemea, mzimu unaanguka, kwaya inaimba. Mchungaji aliigizwa na Jofrei, muuza viatu vya mitumba mwenye sauti ya kupasua vioo. Mzimu nilikuwa mimi: shuka jeupe, unga wa ngano usoni, rangi nyekundu ya keki mdomoni, na meno marefu ambayo Hamidu aliyachonga kwa mshumaa. Watoto wa Moshono wakiniona dukani walikimbia. Nami nilipenda. Msichana wa miaka ishirini haogopwi na watu wengi, na mimi niliogopwa na mtaa mzima.

Sehemu ya pili tuliirekodi nyumbani kwa mama mmoja wa kule kule mlimani, mjane, ambaye alimtumia Hamidu salamu kwamba tukitaka nyumba ya kuigizia, yake ipo. Sitakitaja kijiji. Naikumbuka ile nyumba kuliko niliyozaliwa: kuta za mbao zilizokolea moshi, kalenda ya kanisa ya mwaka uliokwisha, benchi refu linaloyumba upande mmoja, harufu ya maziwa mgando kutoka kwenye vibuyu. Alitupikia loshoro, mahindi na ndizi zilizopondwa na maziwa, akatupakulia kwa bakuli kubwa, wenzangu wakala nje migombani huku wakitaniana. Mimi sikuweza kula kwa sababu ya yale meno ya mshumaa, nikasimama karibu na mlango wa jiko nikisubiri zamu yangu. Humo ndani mama alikuwa akiongea na jirani yake kwa Kimeru. Hamidu na wenzangu hawakukijua. Mimi nilikijua.

"Wamempa meno," alikuwa akisema. "Mtoto ambaye hata kuku alikuwa anaomba achinjwe na mwingine."

"Si umekubali mwenyewe waje?" jirani akamuuliza.

"Nilikubali ili nimwone huyo anayetembea badala yake."

Nikataka kuondoka lakini mama akatoka na sufuria mkononi, akanikuta pale pale, uso mweupe kwa unga. Tukatazamana. Akaniuliza taratibu kama mimi ni wa huku.

"Ndiyo, mama," nikasema. "Nimewasikia. Naomba unisamehe."

Hakukasirika. Aliniketisha kwenye kigoda, akachovya ncha ya kanga yake kwenye maji ya moto na kuanza kunifuta unga, kama anayemsafisha mtoto aliyecheza vumbini. Huku akinifuta akanisimulia. Alikuwa na binti, Eliwaza, kwa hiyo yeye mwenyewe aliitwa Mama Eliwaza. Binti aliolewa boma la jirani, kwa kijana aitwaye Kaanaeli, na hawakumaliza hata miaka miwili. Msimu mmoja wa kuchuma kahawa, miaka mingi iliyopita, Eliwaza alitoka asubuhi na hakurudi. Mume akasema amekimbia na dereva wa lori kwenda Nairobi. Watu walitafuta, wakachoka, wakakubali. Kisha watoto wa shule wakaanza kusema kuna kitu kwenye mibuni ya Kaanaeli, na Eliwaza akageuka kuwa hadithi, na hadithi ikashuka mjini, na mjini tukaivalisha shuka. "Sasa wewe umeshamvaa," akaniambia alipomaliza kunifuta. "Angalau ujue ni nani."

Nilimweleza Hamidu kesho yake dukani kwake, katikati ya kanda za harusi zilizopangwa mpaka darini. Alisikiliza mpaka mwisho, akazima redio. Sehemu ya pili ilitoka, ikauzwa sana, na vibanda umiza, vile vya kuonyeshea video, vya Ngarenaro na Unga Limited vilijaa watu wakipiga kelele kwa raha. Hamidu hakwenda kuitazama hata mara moja. Baada ya wiki kadhaa alituita wote akatuambia tunafanya sehemu ya tatu, na haitakuwa na shuka, wala unga, wala meno. Itakuwa siku moja ya mwanamke kabla hajawa mzimu. Ataamka, atakata majani, atapika, atachuma kahawa. Mwishoni mtu tusiyemwona atamwita kutoka kwenye mibuni. Atageuka, atatabasamu, ataingia. Kamera itabaki inatazama mibuni na yeye hatatoka.

"Na mchungaji anaingia saa ngapi?" Jofrei akauliza.

"Haingii."

"Hamidu, ndugu yangu. Mzimu bila mzimu, bila maombi, si itakuwa video ya kipaimara?" Watu wakacheka. Jofrei hakucheka. Alichukua kofia yake, akasema watu wanakuja kuogopa ili mwishoni waache kuogopa, na ukiwanyima huo mwisho umewaibia. Akaondoka, na hakuigiza nasi tena. Nimefikiri sana juu ya maneno yake na sijui kama alikosea.

Kurekodi sehemu ile kulinitia hofu ambayo sikuwahi kuijua nikiwa ndani ya shuka. Mzimu hauogopi kitu. Unatembea kwenye mibuni kama kwako. Lakini mwanamke mwenye mzigo wa majani kichwani anasikia kila jani linaloanguka nyuma yake. Mama Eliwaza alinifundisha mwendo wa bintiye, jinsi alivyoinamisha kichwa kidogo upande akiongea na mtu, jinsi alivyoimba bila maneno. Alinivalisha gauni lake la kahawia. Hatukuingia shamba la Kaanaeli, tulitumia la mama mwenyewe, linalopakana nalo kwa mfereji mwembamba wa maji. Siku ya pili nikiwa nimeinama nachuma, nilinyanyua macho nikaona mwanaume ng'ambo ya mfereji, amesimama kati ya migomba, mikono nyuma. Alikuwa na umri wa kati, amevaa vizuri, uso wa mtu anayesoma masomo kanisani. Nilimwamkia, "Shikamoo, baba," akaitikia "Marahaba, binti," kwa sauti ya upole kabisa. Alisimama pale mpaka tulipofunga kamera. Mama Eliwaza alikuwa jikoni, nilipomweleza aliacha kukoroga uji, akaniambia, "Ndiye huyo." Kesho yake alikuwepo tena. Na siku iliyofuata. Nilianza kukosea maneno.

Mjini tuliionyesha kwanza Ngarenaro. Nilikaa nyuma. Dakika za mwanzo watu walikuwa kimya wakisubiri mzimu utokee, halafu wakaanza kunong'ona, halafu mtu akapiga kelele, "Mzimu yuko wapi?" Maganda ya karanga yakarushwa kwenye televisheni. Ilipofika mwisho, mibuni imetulia tu, majani yanatikisika, sehemu ya ukumbi ikasimama ikidai viingilio virudishwe. Lakini upande wa kushoto kulikuwa na wanawake wachache, wauza mboga, na hao hawakusimama. Mmoja wao alimshika mwenzake mkono, na kijana aliyekuwa mbele yao alipozidi kuzomea, yule mama akampiga kofi la kisogoni na kumwambia, "Kaa chini, mjinga wewe. Hujui hata unachokitazama." Karibu wapigane. Wiki nzima nikipita mtaani watu walinisimamisha, mmoja kunitukana, mwingine kuniuliza kwa sauti ya chini, "Dada, aliyemwita alikuwa nani?"

Kisha Mama Eliwaza akaomba ionyeshwe kijijini. Ilikuwa Jumapili baada ya ibada, kwenye ghala la ushirika, madirisha yamezibwa kwa magunia, jenereta inanguruma nje. Walijaa. Kaanaeli alikuja na mke wake wa sasa, akaketi benchi la mbele. Huku hakuna aliyezomea wala kuuliza mzimu uko wapi. Nilipotokea kwenye kioo na lile gauni la kahawia, bibi mmoja alisema jina la Eliwaza kwa sauti, na ghala lote likanyamaza kiasi kwamba jenereta ilisikika kama iko ndani. Sikuitazama filamu. Nilitazama kisogo cha Kaanaeli, na hakikusogea mpaka mwisho. Magunia yalipoondolewa na mwanga ukaingia, alinifuata, akanipa mkono, akasema, "Kazi nzuri." Mkono wake ulikuwa mkavu na wa moto.

Alikuja Moshono asubuhi ya wiki iliyofuata. Nilikuwa nafua. Nilipogeuka alikuwa ndani ya ua, amebeba mkungu wa ndizi begani, anatabasamu. Sikujua alionyeshwa na nani nilipoishi. Huwezi kumfukuza mtu mzima aliyekuja na ndizi. Nikamkaribisha, nikampa kiti, nikabandika chai, mlango nikauacha wazi. Majirani wote walikuwa kazini. Aliongea habari za mvua na bei ya kahawa. Aliusifu usafi wa chumba changu. Alikunywa taratibu, akipuliza, na mimi nilisimama karibu na mlango nikiwa nimeshika kikombe ambacho sikunywa.

"Umemwigiza vizuri," akasema. "Mpaka mwendo. Ila pale mwisho mmekosea."

"Tumekosea nini, baba?"

"Anapoitwa. Mmefanya ageuke acheke." Akatikisa kichwa kama mwalimu anayesahihisha. "Hakugeuka. Aliitwa, akaendelea na safari yake kana kwamba anaitwa mbwa."

Nadhani yeye mwenyewe hakujua amesema nini. Au alijua. Aliweka kikombe chini, akasimama, na alipofika mlangoni alisimama karibu nami kiasi cha kusikia harufu ya sabuni yake. "Wewe ukiitwa, binti, geuka," akasema. Akaniaga vizuri na kuondoka. Nilifunga komeo, nikaketi sakafuni, nikakuta nimejimwagia chai yote mapajani na sikuhisi.

Hamidu alinipeleka kituo cha polisi, ambako askari alitusikiliza kwa adabu akasema maneno ya mtu aliyekuwa akinywa chai hayawezi kufungua shauri la miaka mingi. Nilihamia kwa dada yake Hamidu, Kaloleni, kwenye chumba kile kile nilichokalia siku ya arobaini. Sikutaka kwenda kumweleza Mama Eliwaza. Niliogopa barabara, niliogopa mibuni, niliogopa zaidi uso wake. Lakini neno lile lilikuwa limekaa kwangu peke yangu kama jiwe kwenye chakula, na sikuweza kulimeza wala kulitema. Hamidu akanisindikiza. Nilimsimulia mama pale pale jikoni, na nilipofika kwenye "hakugeuka" alikaa chini, polepole, akishika ukuta. Hakulia. Alisema tu, "Basi ni kweli," kisha akaomba fimbo yake na kwenda kwa mshili, mkuu wa ukoo.

Mkutano ulikaa Jumamosi asubuhi uani kwa mshili, wanaume kwenye mabenchi, wanawake kwenye nyasi. Kaanaeli aliketi na kaka zake. Niliitwa kusimama katikati. Nimewahi kuzaa, nimewahi kufanyiwa upasuaji, na hakuna siku niliyoogopa kama ile. Nilisema nilichosikia, kama kilivyo, nikiangalia viatu vya mshili. Kaanaeli akasimama kwa utulivu wake. "Wazee wangu, binti huyu ni mwigizaji. Kazi yake ni kudanganya watu na wanamlipa. Mimi nilikwenda kumpongeza." Wazee kadhaa wakaitikia kwa kichwa. Nikaona kila kitu kinateleza, nikaona narudi Moshono peke yangu, na yeye anajua nyumba.

Mama Eliwaza akanyanyuka kutoka kwenye nyasi. "Mshili, naomba niseme jambo ambalo sijalisema tangu nimwoze mwanangu. Mnisamehe, maana nililificha. Eliwaza aliugua homa akiwa mdogo, na sikio lake la kushoto likafa. Tulinyamaza ili posa isivunjike. Ndiyo maana alikuwa anainamisha kichwa akiongea na mtu, na ndiyo maana kila alipokaa na mumewe alimweka upande wa kulia. Ukimwita kwa upande ule mwingine, na maji ya mfereji yanapita, hageuki. Hakuwa na kiburi mwanangu. Alikuwa hasikii."

Kaanaeli alikuwa bado amesimama. Alimtazama mkwewe.

"Hakusikia?" akasema.

Kaka yake mkubwa akanyanyuka.

"Nilimwita," akasema, na sauti yake haikuwa tena ya msomaji wa kanisani. "Nilimwita, nikamwita, mbele ya vibarua wangu, akanipa mgongo. Hakusikia?"

Mshili alikuwa mzee sana, na alimuuliza kwa upole, kama anayemwamsha mtoto, "Ulimwitia wapi, Kaanaeli?" Na Kaanaeli akanyanyua mkono, akaonyesha juu, kwenye mibuni iliyo karibu na mfereji. Kaka yake mkubwa alimshika asianguke. Walichimba siku ile ile, polisi wakiwepo, na walimpata. Kaanaeli hakukana tena, mahakamani wala popote. Alifungwa, na alifia gerezani nikiwa nimeshaolewa. Nilidhani siku aliyochukuliwa woga wangu ungekwenda naye. Haukwenda. Mtu akiniita kwa nyuma mpaka leo nageuka kwa kasi inayowashangaza wanangu, natabasamu kabla sijajua ni nani.

Tulimzika Eliwaza kwa nyimbo za kanisani, mvua ndogo ikinyesha, na Jofrei alikuja, akaimba kwa sauti yake ile bila mtu kumwomba. Mjini hawakujua chochote. Waliendelea kugombana kuhusu filamu, na wauza kanda walimjia Hamidu wakimtaka afanye ya nne, arudishe shuka na meno, watu wanataka mzimu wao. Alikataa wote. Alirudi kwenye harusi na kipaimara na hakutengeneza tena filamu ya kutisha, wala hakuwahi kumweleza mtu kwa nini.

Mwisho wa mwaka Mama Eliwaza alituita. Alitaka kuitazama tena, peke yake, bila ghala na bila watu. Hamidu alibeba televisheni, deki na jenereta ya kukodi, jenereta tukaiacha nje, vingine tukaviweka kwenye meza mbele ya lile benchi linaloyumba. Mama alinimiminia chai, akaketi karibu nami. Alicheka aliponiona nakata majani. "Hajui kushika mundu huyu," akasema. Aliimba pamoja na wimbo usio na maneno. Mibuni ilipoanza kuonekana nilifumba macho, kwa sababu nilijua kinachokuja na sikuweza kukitazama, lakini nikahisi mkono wake juu ya wangu. Sauti ikaita. "Simamisha hapo," akasema, na Hamidu akabonyeza. Nikafumbua macho. Picha ilikuwa imesimama ikitetemeka, kama zilivyokuwa kanda za wakati ule, uso umegeuka nyuma, unaanza kutabasamu.

Mama aliutazama mpaka chai yake ikapoa.

"Angesikia," akasema, "angegeuka hivyo hivyo."